Beriberi Yako Imezaa, Mama

Mpendwa mama yangu,

Shikamoo. Najua safari hii sitaisikia marahaba yako, lakini wewe mwenyewe ndiye uliyenifunza kwamba mtoto haanzi maneno na mzazi wake kabla ya shikamoo, hata kama nyumba inaungua. Basi shikamoo, mama. Na sasa niache niseme, maana nina neno hapa kifuani siwezi tena kulizuia: imezaa! Beriberi yako imezaa!

Juzi nilikuwa kazini, kule kwenye makao ya wazee, namlisha uji bibi mmoja, simu ikanitetemekea mfukoni. Alikuwa Baba Nasra. Unamjua mkweo, hanipigii saa za kazi mpaka pawe na msiba. Nikatoka mbio mpaka koridoni, roho mkononi.

"Mama Nasra," akasema, anahema, "ukirudi pitia nyuma kabla hujavua viatu. Kuna vitu vyekundu."

"Vyekundu vipi?"

"Matunda, mwanamke! Beriberi ina matunda!"

Mama, nilipiga kigelegele. Pale pale koridoni, katikati ya Thamesmead, huku London, na sare yangu ya kazi mwilini. Mzee mmoja akatoa kichwa chumbani kwake akidhani kengele ya moto imelia. Nikamwambia hakuna moto, baba, ni matunda. Akanitazama kwa huruma, akafunga mlango.

Sasa niambie, habari kama hii nimpe nani? Nimeishi hapa London miaka yote hii, nina marafiki wa kucheka nao na wa kulia nao, lakini hii yetu, mtu mwingine ukimweleza inabidi uanzie mbali mpaka utamu unaisha. Wewe peke yako ndiye ambaye ningekuambia neno moja ukashika kiuno na kuanza kucheka.

Unakumbuka siku niliyokupa habari zake mara ya kwanza? Tulikuwa tumehamia nyumba hii, na nyuma kuna kile kimteremko, si kikubwa, kama upana wa mikeka miwili ya kulalia. Udongo wake mfinyanzi mtupu. Mvua ikinyesha, na hapa inanyesha bila hata kupiga hodi, tope linashuka lote mpaka mlango wa jikoni. Baba Nasra akasema dawa yake ni zege, tutandike vibamba tumalize kazi. Nikasema ng'o. Mtu nimezaliwa Muheza, kijani mpaka machoni, nije nioshe vyombo huku natazama zege? Nikaenda kwa muuza miche. Akanionyesha mmea mmoja wa kutambaa chini, vijani vidogo vigumu vinang'aa, haumwagi majani kiangazi wala baridi, barafu haiuui, na ukishakaa unashika udongo usihame. Akaniambia haupendi mbolea wala udongo wa kujaa maji, nichanganye mchanga wa chenga kubwa na udongo wenye tindikali, halafu nivumilie kwa sababu ni mvivu wa kukua. Nikanunua vijungu sita, nikapanda kwa mikono yangu, kucha zikakatika. Usiku nikakupigia.

"Mama, nimepanda beaberi."

"Umepanda nini?"

"Beaberi!"

Ikaja ile sauti yako ya darasani. "Zuhura, mimi nimefundisha maarifa ya nyumbani mpaka nikastaafu. Kuna kwashakoo, kuna kiseyeye, kuna matege, na kuna beriberi. Beriberi ni ugonjwa. Miguu inavimba, mtu anakosa nguvu. Wewe umepandaje ugonjwa nyuma ya nyumba?"

Nilicheka mpaka nikakaa chini. Nikakufafanulia kwamba si beriberi, ni beaberi, ni Kiingereza, maana yake tunda la dubu.

"Na dubu wapo huko kwenu?"

"Hawapo, mama."

"Basi umempandia nani?"

Halafu ukaja. Jamani, ile siku uwanja wa ndege! Mkoba mmoja, sanduku moja, na fagio la chelewa limeviringishwa kwenye khanga kama mtoto mchanga. Ulinisimulia jinsi afisa alivyoligeuza na kuligeuza, akakuuliza ni chombo gani, ukamwonyesha kwa vitendo, ukamfagilia pale pale mbele ya foleni. Baba Nasra akakuambia, "Mama, huku kuna mashine za kufyonza vumbi." Ukamjibu, "Mashine inafagia uwanja?" Akabeba sanduku.

Kesho yake niliingia zamu ya asubuhi. Nilikuacha umeshaswali, umekaa kitandani na kanzu yako ya kulalia, nikakuambia pumzika, mama, chai iko kwenye chupa. Pumzika! Nilikuwa nakuambia wewe hivyo, wewe ambaye tangu nipate akili sijawahi kuamka nikakuta uwanja wa nyumba yetu haujafagiwa. Kule kwetu jua likichomoza na uwanja una jani, basi mama mwenye nyumba anaumwa au amefariki.

Niliporudi mchana nilipitia nyuma. Mama, macho yalinitoka. Mteremko wangu ulikuwa mweupe pee. Hakuna jani, hakuna kijiti, hakuna hata zile chenga za magome nilizotandaza kuzuia magugu. Udongo umenyunyizwa maji usitimue vumbi, kisha umefagiwa kuanzia juu mpaka chini, michirizi ya fagio imepangana kama nywele zilizochanwa. Na wewe umekaa kwenye kizingiti cha jikoni, khanga kiunoni, uso unang'aa kwa raha.

"Nimekusafishia uwanja," ukasema. "Nilipofungua mlango alfajiri nilisikia aibu. Majirani wanapita, wanaona mwanangu anaishi porini."

"Mama! Beaberi yangu iko wapi?"

"Ile beriberi?" Ukanywa chai yako taratibu. "Nimeitibu."

Nilikasirika, mama. Nilikasirika mpaka machozi yakanitoka, na wewe ukashangaa kweli kweli, mtu mzima analilia majani. Nikakueleza kwamba hapa mambo yamegeuka, hapa udongo ukiwa wazi ndiyo aibu, watu wanatoa fedha kuufunika. Ukasikiliza. Ukauliza, "Yaani mnanunua majani ili yaote uani?" Nikasema ndiyo. "Mnayanunua?" Ndiyo, mama. Ukatikisa kichwa, ukaweka kikombe chini, ukajikaza kusimama. "Basi twende tukayatafute."

Tukainama wote wawili kwenye lile rundo la ulichong'oa na kufagia, karibu na pipa la taka. Mizizi ilikuwa imeshakauka, vile vizizi vyembamba kama uzi, havipendi kabisa kushikwashikwa. Mimi nilikuwa nimeshakata tamaa. Wewe ukachambua vitawi kimoja kimoja, ukavilaza kwenye mteremko kama unavyolaza marando ya viazi vitamu, shina chini ya udongo, ncha nje, na kijiwe juu kisiinuke. Ukaniuliza majivu yako wapi. Nikakuambia sina majivu, na hata ningekuwa nayo huu mmea hauyataki. "Nyumba haina majivu," ukasema peke yako, kama daktari aliyeona chanzo cha maradhi. Kitawi cha mwisho ukakipanda chini kabisa, hatua chache tu kutoka kwenye kizingiti, ukakigongagonga na kiganja. "Hiki ni changu. Kikifa, nitasema ni baridi yenu imekiua."

Vingine vyote vilikufa. Vya juu, vya kati, vyote vikageuka kahawia vikavunjika. Hicho cha kizingitini kikabaki, kimenyong'onyea, hakifi wala hakiendelei. Kila asubuhi ukawa unakimwagia majani ya chai yaliyobaki kwenye chujio. Nikakuambia, mama, hakuna kitabu kinachosema hivyo. Ukasema wala hakuna kinachokataza.

Na pale mbele ya kizingiti, chini ya mteremko, ukajikatia kiwanja chako. Pa kutosha kiti kimoja na mtu wa kusimama. Ukatuita wote, ukamwita na Baba Nasra akiwa na taulo begani, ukatoa amri: "Hapa msipande kitu. Hapa ni pa kufagia." Miezi yote mitatu hukukosa asubuhi hata moja. Nasra, ndiyo kwanza alikuwa ameanza shule, anakaa kizingitini na bakuli lake la nafaka anakutazama. Unamsemesha Kiswahili, anakujibu Kiingereza, na wallahi mlikuwa mnaelewana.

Ulipoondoka uliliacha fagio. Ulisema halirudi, lina kazi.

Kisa cha mwalimu nilikusimulia, lakini leo nitakisimulia tena kwa sababu nina furaha na hakuna wa kunizuia. Shule ilinipigia simu. Mwalimu wake Nasra, sauti ya upole ya kutisha, akaniuliza kama nyumbani tu wazima. Nikasema tu wazima. Akauliza kama tunapata chakula cha kutosha. Mama, moyo ulinipasuka! Kumbe darasani waliulizwa nani ana kitu cha kusimulia kuhusu babu au bibi, na Nasra akasimama na kifua mbele: bibi yangu alikuja likizo, akatuachia beriberi nyumbani. Nilipomaliza kumweleza, mwalimu alicheka mpaka akaomba radhi. Nilipokusimulia wewe, ulicheka mpaka ukakohoa, ukaniambia ngoja, ngoja ninywe maji, ukarudi ukaanza upya. "Mwambie mwalimu," ukasema, "vitamini B mtoto anayo. Ni adabu tu ya kunijibu kwa Kiswahili ndiyo imepungua."

Hicho ndicho kicheko chako cha mwisho nilicho nacho sikioni.

Ulipotutoka, nilipanda ndege ya kwanza niliyopata. Walikuzika alasiri ya siku ile ile, kama inavyotakiwa, na mimi nilikuwa angani sijui hata juu ya nchi gani. Nilifika, nikakuta udongo umeshatulia na uwanja umefagiwa na majirani. Sikukuosha, sikukuona. Niliporudi London nilienda moja kwa moja nyuma ya nyumba na koti langu na begi langu, nikachutama mbele ya kile kitawi. Sikutaka picha, mama, sikutaka khanga zako, nilitaka kile kiishi. Ndicho kitu pekee katika nchi hii ulichokitia ardhini kwa mkono wako. Nilikuwa naogopa kukigusa nikakiua na naogopa kukiacha kikafa chenyewe.

Naye Baba Nasra, si kwa ubaya, alikuwa ameshanunua vibamba vyake. Vimepangwa ukutani chini ya turubai. Alivumilia majira ya baridi ya kwanza, akavumilia ya pili, tope linaingia jikoni yeye anadeki, lakini kila akideki anavitazama vile vibamba kupitia dirishani. Mwisho akaniambia, "Mama Nasra, nilimpenda mama yako na unajua. Lakini kitawi kimoja hakiwezi kuzuia mlima. Nikitandika, natandika kote." Kote ni pamoja na kiwanja chako. Nikamwambia nipe muda. Akauliza mpaka lini. Nikasema mpaka kisogee.

Kikasogea! Ee mama, uliona wapi mtu anashangilia shina? Kwanza kilitoa kimkono kimoja, kikalala juu ya udongo kana kwamba kinasikiliza. Nikakiwekea kijiwe, kama ulivyofanya wewe. Kikaota mizizi. Kikatoa kingine. Nikamwaga mchanga mwingi, nikamwaga majani ya chai, nikang'oa magugu kwa vidole. Mwaka uliofuata kikapanda mteremko chenyewe, kikapita pale vilipokufa vile vya kwangu. Wakati wa barafu majani yanageuka rangi ya shaba, nikadhani basi tena, joto likija yanarudi kijani kama hayajawahi kuugua. Mpaka Nasra amenipita urefu, mteremko wote umefunikwa, mkeka mmoja mzito, na mvua inyeshe inavyotaka, jikoni kwangu kukavu. Mwaka jana Baba Nasra alivigawa vibamba vyake kwa jirani anayetaka mahali pa kuweka mapipa. Alirudi akanawa mikono, akaomba chakula.

Kilichokuwa kimebaki ni matunda. Miaka ya nyuma tulipata maua mawili matatu, yakapukutika. Mwaka huu majira ya kuchipua yakaja mengi, vikengele vidogo vyeupe vyenye wekundu mdomoni, na nyuki wakavuma wanatugombeza tukipita. Na sasa haya mekundu. Nilifika juzi nikapiga magoti na viatu vyangu vya kazi. Yako chini ya majani, duara, yanang'aa kama shanga, inabidi ufunue uyaone. Nilichuma moja nikalila kwa niaba yako. Mama, ni unga mtupu! Kama kumung'unya ubuyu ulioisha sukari na rangi. Sasa nimeelewa kwa nini waliwaachia dubu. Baba Nasra halali, anamfukuza ndege mmoja mweusi anayekuja kuyadonoa, mtu aliyetaka kumwaga zege!

Lakini kuna jambo, na ndilo hasa lililonikalisha kukuandikia.

Leo Jumamosi ndiyo siku yangu ya kufagia kiwanja chako. Sijaacha, mama. Si kila siku kama wewe, kazi hainiruhusu, lakini Jumamosi sijakosa. Natoa fagio nyuma ya mlango, nanyunyiza maji, nafagia. Lile fagio limebaki nusu, chelewa zimekatika, nimelifunga upya mara nyingi. Leo nimetoka na maji yangu kwenye kopo, nikaona kitawi kimoja cha beriberi kimeteremka, kimevuka tofali la ukingoni, na kimelaza mkono wake ndani ya kiwanja chako. Kina majani mapya, na katikati kina tunda moja.

Nikasimama na kopo. Wewe ulisema hapa msipande kitu. Na wewe huyo huyo ndiye uliyekipanda. Nikikata, nakata mkono wako, na nikiacha, kitakula kiwanja chako chote na fagio litakosa kazi. Baba Nasra akaja na mkasi wa bustani. "Kata," akasema. "Mama alisema, na mimi nilikuwepo, nilikuwa na taulo begani." Nikaupokea mkasi. Nikainama. Nikainuka. Nikainama tena.

Nasra alikuwa amekaa kizingitini pako na simu yake, masikioni amejaza vile vitu vyake. Nikadhani hasikii. Akavitoa. Akasema:

"Bibi alisema msipande. Hamna mtu amepanda, Mama. Kimekuja chenyewe."

Kwa Kiswahili, mama! Kiswahili chake kile, kinapita puani, lakini sentensi nzima, kutoka mwanzo mpaka mwisho, bila kuombwa na mtu. Baba Nasra akanitazama, nikamtazama. Hakuna aliyethubutu kumsifu, tukaogopa atarudi kwenye Kiingereza. Nikamrudishia baba yake mkasi.

Basi, mama, nimekuletea habari zako zote. Mteremko umekaa, jikoni kukavu, mjukuu wako ana vitamini na adabu inakuja. Mwenyezi Mungu akupe kivuli huko uliko, na uwanja mpana wa kufagia.

Nimenyunyiza maji na nimefagia kiwanja chako chote. Nilipofika kwenye kile kitawi nikakizunguka. Michirizi ya fagio imenyooka kama ulivyonifunza, isipokuwa pale tu, pale imepinda.

Kitinda mimba wako,
Mama Nasra